Ngeli au Kundi? Maana Mbili za Neno Moja la Kompyuta, Kutoka Bellevue



Jumamosi iliyopita, katika somo letu la kompyuta hapa Bellevue, Johannesburg, niliandika ubaoni mstari wa lugha ya programu ya Python unaoanza na neno class. Sijafika hata mwisho wa mstari, kaka mmoja kutoka Bukavu akauliza kama tunatengeneza programu ya shule, maana kwake klasi, neno lililomfikia kwa Kifaransa, ni chumba chenye madawati. Dada wa Tanga aliyekaa nyuma yake akasema la, hiyo ni tabaka. Tukabishana nusu saa nzima. Jioni nilirudi nyumbani kwa njia ya Rockey Street nikiwaza kwamba ubishi ule ulikuwa somo zuri kuliko lile nililoandaa. Mada hii imetokana na ubishi huo.

Ninachotaka kusema ni hiki: katika kompyuta neno class lina kazi mbili zisizofanana, na kila kazi inastahili neno lake la Kiswahili. Ya kwanza naomba tuiite ngeli. Ya pili tuiite kundi. Tabaka tuliache kabisa, na sababu ya kuliacha iko hapa hapa tunapoishi.

Ngeli: maelezo yanayotangulia kitu

Mwaka 1967 Ole-Johan Dahl na Kristen Nygaard, waliokuwa katika Kituo cha Kompyuta cha Norway jijini Oslo, walileta lugha ya programu iitwayo Simula 67. Walitaka kompyuta iigize mambo ya kila siku yenye msongamano, kama foleni ya wateja au mashine zinazopokezana kazi kiwandani. Badala ya kumweleza kila mteja upya, walieleza mara moja tu mteja ni kitu gani, ana sifa zipi na anaweza kufanya nini. Kutokana na maelezo hayo kompyuta ikaweza kuzalisha wateja kumi au elfu. Maelezo hayo ndiyo class. Wazo hilo, ambalo lilichota pia katika kazi ya Mwingereza C.A.R. Hoare kuhusu upangaji wa kumbukumbu, likaingia Smalltalk, likaingia C++, Java na Python, na leo hakuna anayeandika programu asiyekutana nalo. Wanorway hao wawili walipewa Tuzo ya Turing ya mwaka 2001.

Tazameni jambo moja hapo. Class ya Simula haikusanyi watu. Kabla mteja wa kwanza hajazaliwa, class ipo, imetulia, inamsubiri. Ndiyo maana neno kundi halifai hapa, kwa kuwa kundi lisilo na mtu si kundi. Neno aina linakaribia, na walimu wengi hulitumia, lakini tunalihitaji kwingine: aina za data, yaani namba, maandishi, kweli na si kweli. Tukilitumia kotekote mwanafunzi atapotea siku ya pili.

Sasa fikirini ngeli. Wanaisimu wetu hueleza kwamba neno lenyewe lilichukuliwa kutoka Kihaya, lugha ya Kagera, likapewa kazi ya kutaja jinsi nomino za Kibantu zinavyopangwa. Ngeli hutawala sentensi nzima. Nikisema kiti, tayari nimejifunga: ni kile, ni kimoja, ni changu, na kikianguka kimevunjika. Sikuhitaji kujifunza tabia za kiti peke yake. Nilizipata pamoja na ngeli yake.

Neno kitabu linatuonyesha zaidi. Lilitoka Kiarabu, na huko herufi zake za mwanzo hazikuwa kiambishi cha chochote. Lilipofika pwani yetu, masikio ya Waswahili yakasikia ki-, wakalipokea katika ngeli ya KI-VI, na tangu hapo tunasema vitabu vyangu vimepotea kana kwamba neno limezaliwa Lamu. Mgeni amepewa tabia zote za ngeli bila mtu kukaa kumwandikia moja moja. Hivyo ndivyo kitu kipya kinavyozaliwa kutoka kwenye class katika Java: kinapokea sifa na vitendo vyote, kisha kinajazwa ya kwake. Hakuna neno la Kiingereza linaloweza kumpa mwanafunzi picha hii. Kwa anayezungumza lugha ya Kibantu picha iko mdomoni mwake tangu utotoni.

Kuna na lile linalowasumbua wanaoanza, yaani class ndogo inayorithi tabia kutoka kwa kubwa kisha ikabadilisha baadhi. Chukueni kiboko. Kwa umbo ni mwenzake kiti na kikombe. Lakini hatusemi kiboko kimelala mtoni. Tunasema kiboko amelala mtoni, kwa sababu ni mnyama, na uhai unalishinda umbo katika upatanisho. Umbo limerithiwa, tabia imeandikwa upya. Halafu kuna kiboko kile cha kuchapia, ambacho mara nyingi kilitengenezwa kwa ngozi ya mnyama huyo huyo. Hicho tunasema kimekatika, hatusemi amekatika. Jina moja, ngeli mbili, na Mswahili hakosei hata siku moja. Nikiwa na mwanafunzi aliyeelewa viboko hivi viwili, urithi wa class ninamfundisha kwa dakika kumi.

Najua mtaniuliza kuhusu wenzetu wa Lubumbashi, na wa Nairobi pia, ambao mitaani husema kitabu yangu. Je, ngeli itawafaa? Itawafaa. Lugha za programu nazo ziko za namna hiyo. Java hudai kila kitu kitangaze aina yake kabla ya programu kuanza, na upatanisho ukikosewa inakataa. Python haikuulizi mapema. Inakiacha kitu kifanye kazi na kulalamika pale tu kitakaposhindwa. Mlubumbashi na Mwunguja huelewana sokoni kila siku, na kazi hufanyika.

Jina lililotoka katika sarufi

Aliyeanza kuzipa ngeli za lugha zetu namba alikuwa Mjerumani Wilhelm Bleek, na kazi hiyo aliifanya katika nchi hii, Afrika Kusini. Alifika Natal mwaka 1855, akahamia Cape Town, na sarufi yake linganishi ya lugha za kusini mwa Afrika ikaanza kutoka mwaka 1862. Humo ndimo neno Bantu lilipopata kazi yake ya kisayansi: jina la familia ya lugha ambamo mtu huitwa muntu, mtu, umuntu, na wengi wao bantu, watu.

Miaka tisini baadaye neno hilo likawa ndani ya sheria. Sheria ya Elimu ya Kibantu ya mwaka 1953 iliwapa watoto weusi shule za kuwaandaa kwa kazi za chini. Neno lililomaanisha watu, lililochaguliwa ili kueleza upatanisho wa sentensi, likawa kibandiko cha kumtenga mtu. Ninapoona jina la ufundi linahama kutoka kwenye kitabu hadi kwenye fomu ya serikali, moyo wangu hushtuka. Naomba na wa kwenu ushtuke.

Kundi: uamuzi wa mtu

Hapo tunaingia kazi ya pili ya neno letu. Katika akili unde, ambayo wengine huiita akili mnemba, class ni jibu. Unaipa mashine picha au barua, nayo inasema hii ni ya kundi fulani. Kazi hiyo ni uainishaji, na mashine hujifunza kutokana na mifano ambayo binadamu ameshaibandika majina. Kwa hiyo nyuma ya kila kundi kuna mtu aliyeamua kundi hilo liwepo, na mwingine aliyeamua nani aingie.

Afrika Kusini ilifanya uainishaji mkubwa kabla ya mashine kujifunza. Sheria ya Usajili wa Watu ya mwaka 1950 iliamuru kila mkazi aandikwe kundi lake: Mweupe, Coloured au Mwenyeji. Kipimo chake kilikuwa sura ya mtu pamoja na vile jamii ilivyozoea kumchukulia, vitu viwili ambavyo mara nyingi havikukubaliana. Maofisa wakafikia kuchomeka penseli kwenye nywele za watu waone kama itaanguka. Sandra Laing, aliyezaliwa mwaka 1955 na wazazi walioandikwa Weupe, aliondolewa shuleni na mwaka 1966 akaandikwa Coloured, kisha mwaka 1967 akarudishwa kuwa Mweupe. Mtoto hakuwa amebadilika hata unywele mmoja.

Bellevue ilitengwa kwa ajili ya Weupe chini ya Sheria ya Maeneo ya Makundi, ambayo nayo ilipitishwa mwaka 1950. Miaka ya 1980 watu wakaanza kuivunja kwa kuishi tu, na Rockey Street ikawa mahali ambapo watu wa rangi mbalimbali walisikiliza muziki pamoja. Sheria zote mbili zilifutwa mwaka 1991. Wengi wetu tuliomo ukumbini leo, au wazazi wetu, tulifika mtaani hapa baada ya hapo. Tumekuta nyumba zilizojengwa kwa ajili ya kundi ambalo hatukuwamo.

Kwa hiyo dada yangu wa Tanga atanisamehe nikikataa tabaka. Tabaka lina juu na chini ndani yake. Makundi ya kompyuta hayana ngazi mpaka mtu aziweke, na katika mji huu hatupaswi kuziweka kwa uzembe wa kutafsiri. Kundi ni neno jepesi zaidi. Ng'ombe wana kundi, vijana wana kundi, na mtu anaweza kutoka kundi moja akaingia lingine.

Makosa ya uainishaji yamehamia kwenye mashine. Mwaka 2018 Joy Buolamwini na Timnit Gebru, mzaliwa wa Addis Ababa, walipima programu tatu za kampuni kubwa zinazoainisha uso kuwa wa mwanamke au wa mwanamume. Walitumia nyuso 1,270 za wabunge wa nchi sita, na Afrika Kusini na Rwanda zilikuwamo. Kwa wanaume wenye ngozi nyeupe makosa hayakuzidi asilimia 0.8. Kwa wanawake wenye ngozi nyeusi yalifika asilimia 34.7. Pengine mifano iliyofunza mashine ilikuwa imejaa nyuso za upande mmoja.

Hata palipo na nia njema, kundi hubeba mahali lilipotoka. Mtandao wa watafiti uitwao Masakhane, jina la Kizulu linalohimiza kujenga pamoja, ulitoa mwaka 2023 mkusanyiko wa habari za lugha 16 zinazotumika Afrika, Kiswahili kikiwamo, zilizopangwa kwa mada kama siasa, afya, dini na michezo. Ni kazi ya kujivunia. Mkusanyiko mwingine, wa habari za Kiswahili kutoka Tanzania, una, miongoni mwa makundi yake, mawili yaitwayo kitaifa na kimataifa. Chukueni mfano: Januari 2025 waasi wa M23 waliingia Goma, mashariki mwa Kongo. Kwa msomaji wa Dar es Salaam habari hiyo ni ya kimataifa. Hapa Johannesburg ni ya kitaifa, kwa kuwa askari 14 wa Afrika Kusini walipoteza maisha katika mapigano yale. Na kwa mama anayeuza sombe na samaki wakavu katika soko la Yeoville, mwenye wazazi Goma, ni habari ya nyumbani. Mashine iliyofunzwa kwa mkusanyiko ule haina kundi la mama huyo. Mkitengeneza ya kwenu, muulizeni kwanza.

Mahali ngeli na kundi zinapokutana

Mwaka jana nilikaa na jirani yangu kujaza fomu ya kampuni moja kwenye simu. Fomu ilidai namba ya kitambulisho yenye tarakimu 13. Namba hiyo ya Afrika Kusini ina mpango wake: sita za mwanzo ni tarehe ya kuzaliwa, ya kumi na moja huonyesha kama wewe ni raia au mkazi wa kudumu, na ya mwisho hukagua zilizotangulia. Hadi miaka ya 1980 ilibeba hata rangi ya mtu. Jirani yangu ana karatasi ya kifungu cha 22 cha Sheria ya Wakimbizi ya mwaka 1998, yaani anasubiri uamuzi wa ombi lake la ukimbizi. Namba yake haikuwa na umbo lile. Fomu ikawa nyekundu, tukarudia, ikawa nyekundu tena. Baada ya mara ya nne akaweka simu chini akaenda kupika.

Hakuna mashine iliyomwainisha. Mtu fulani, pengine kijana mwenye moyo mzuri, aliandika ngeli iitwayo Mteja, akaipa sifa ya lazima ya tarakimu 13, na hapo hapo akaamua nani anaweza kuwa mteja na nani hawezi. Ngeli iliyoandikwa bila kufikiri ilikuwa tayari imegeuka kundi. Maneno haya mawili nimeyatenganisha ili mkono wenu usimame kidogo hapo, kabla ya kuandika neno lazima.

Jumamosi ijayo tutaandika ngeli yetu ya kwanza, nayo itaitwa Mkazi. Naomba kila mmoja aje na sifa moja yake ambayo fomu za mji huu hazijawahi kumuuliza. Na namba ya kitambulisho tutaiweka iwe ya hiari.