Kiwavijeshi vamizi: dawa ya kwanza ni macho yako

(Mazungumzo na wakulima kabla ya msimu wa kupanda)



Leo tuzungumze juu ya mdudu anayekula mahindi yetu. Jina lake ni kiwavijeshi vamizi. Kwao ni bara la Amerika. Katika Afrika alionekana kwanza mwaka 2016, upande wa magharibi, na kufikia mwaka 2017 alikuwa amekwisha kuingia Kongo, Uganda, Rwanda, Burundi, Kenya na Tanzania. Kwa hiyo msilaumiane. Hakuletwa na jirani, wala wenyeji, wala mchawi. Mama yake ni nondo, yule kipepeo wa usiku mwenye rangi ya kijivu, na anaweza kuruka kilometa 100 kwa usiku mmoja.

Utamjuaje? Tazama kichwa cha kiwavi: kina alama kama herufi Y iliyopinduliwa. Karibu na mkia ana madoa manne meusi yaliyopangwa kama pembe za mraba. Viwavijeshi wa zamani tuliowazoea hutembea kwa makundi juu ya ardhi. Huyu hujificha ndani ya moyo wa mhindi.

Maisha yake ni mafupi. Nondo jike hutaga mayai 100 hadi 200 mahali pamoja juu ya jani na kuyafunika kwa manyoya mepesi kama ukungu. Baada ya siku mbili au tatu mayai huanguliwa. Viwavi wachanga hukwangua jani hadi libaki na madirisha meupe. Kisha huingia katika moyo wa mmea na kula kwa muda wa wiki mbili au tatu, wakiacha kinyesi kama unga wa mbao. Mwishowe hushuka udongoni, na baada ya siku chache hutoka nondo wapya.

Sasa sikilizeni vizuri. Kuna watu wanaouza posho ya watoto ili wanunue sumu iliyomiminwa katika chupa ya soda, isiyo na jina wala maelezo. Hiyo ni hasara mara mbili. Kiwavi mkubwa yumo ndani kabisa, amejifunika kwa kinyesi chake, na sumu haimfikii. Wanaokufa ni siafu na nyigu wanaotusaidia kumla. Na chupa ile mtoto akiikuta nyumbani, atadhani ni kinywaji.

Shamba kubwa lina shida zake, lakini kiwanja chako ni kidogo. Unaweza kuutazama kila mhindi. Fanya hivi:

1. Panda mvua za kwanza zinapoanza, pamoja na majirani. Anayechelewa hukusanyiwa nondo wa wote.

2. Changanya mahindi na maharage. Nondo hupata shida kutaga mahali penye mimea ya namna mbalimbali.

3. Tangu mahindi yanapochipua, kagua mara mbili kila wiki, asubuhi. Pindua majani utafute mayai na madirisha meupe.

4. Ukiona mayai au viwavi, waponde kwa vidole papo hapo. Ukiponda fungu moja la mayai, umeua viwavi zaidi ya mia kabla hawajala.

5. Kiwavi akiwa amekwisha kuingia ndani, tia majivu makavu au udongo laini kidogo katika moyo wa mhindi. Wakulima wengi hufanya hivyo.

6. Usiung'oe mhindi kwa sababu majani yametoboka. Mhindi mchanga, ukipaliwa na kupata mbolea ya samadi, mara nyingi hutoa majani mapya na kuzaa.

Ikiwa viwavi wamezidi nguvu zako, mwone afisa kilimo kabla ya kununua kitu chochote. Dawa inayofaa ina karatasi yenye jina, kipimo na maelezo, na anayepulizia lazima ajikinge mikono, pua na macho.

Kazi hii haihitaji fedha, inahitaji kuwahi. Wiki moja ukiacha kukagua, kiwavi amekwisha kuingia ndani. Basi gawaneni zamu nyumbani: leo baba, siku nyingine mama, Jumamosi watoto wakubwa. Na ukimaliza kwako, mwite jirani mtazame kwake pia, maana nondo hajui mpaka wa kiwanja.