Mawe ya Kilwa na Senti za Mjane

Dominika ya 33 ya Mwaka C (Lk 21:5-19)

  

Injili tuliyoisikia inaanza na watu wanaotazama jengo. Luka hawataji kwa majina; Marko anatuambia kwamba aliyeanza kusema alikuwa mmoja wa wanafunzi. Watu wa Galilaya walikuwa wavuvi na wakulima, na Yerusalemu kwao ulikuwa mji wa kuendea kwa sikukuu. Walipolikaribia Hekalu walifanya kama afanyavyo mgeni yeyote: waliinua shingo, wakaonyeshana kwa vidole ukubwa wa mawe na uzuri wa mapambo yaliyotolewa kwa nadhiri. Bwana akawaambia kwamba yote hayo yangebomolewa. Mwaka 70 majeshi ya Roma yaliliteketeza Hekalu, na maneno yake yakatimia.

Ili tuielewe vema Injili hii, naomba tusafiri kidogo. Wageni kutoka parokia rafiki ya ng'ambo walipotutembelea, walitamani kuyaona magofu ya Kilwa Kisiwani, nao wakaniomba niandamane nao. Kwa barabara safari hiyo ingetumaliza siku nyingi. Basi wakakodi ndege ndogo, tukaondoka alfajiri katika kiwanja cha Kikoboga, ndani ya Hifadhi ya Mikumi, tukarejea jioni ya siku ile ile. Ndege ndogo ina raha yake na hofu yake. Mimi rozari yangu ilikuwa mkononi tangu injini ilipowashwa. Tulipopaa niliiona barabara kuu ya Iringa kama uzi mweusi, na malori yake kama siafu. Tukaipita misitu ya Hifadhi ya Nyerere, tukauvuka Rufiji wenye mikono mingi, na hatimaye bahari ikafunguka mbele yetu. Kutoka juu unaona mambo mengi mazuri: mito, mapori, mabati yanayong'aa. Mtu humwoni. Yupo chini, analima au anachota maji, lakini kwa aliye angani hayupo.

Kutoka Kilwa Masoko tulivushwa kwa mashua, na kisiwani tukapokewa na mwongozaji, kijana mzaliwa wa hapo hapo. Alituonyesha Msikiti Mkuu, ambao sehemu yake ya kwanza ni ya karne ya 11 au ya 12, ukapanuliwa sana katika karne ya 14. Alitupandisha mwambani hadi Husuni Kubwa, jumba la kifalme lenye vyumba zaidi ya 100 na bwawa la pembe nane. Alitueleza jinsi dhahabu ya Sofala ilivyopitia Kilwa na kuutajirisha mji uliojipigia sarafu zake wenyewe. Magofu haya yaliingizwa mwaka 1981, pamoja na yale ya Songo Mnara, katika orodha ya Urithi wa Dunia, na kwa kweli yanastahili. Sisi Watanzania twapaswa kwenda kuyaona, hata kwa basi.

Penye ukuta mmoja mgeni wetu alitaka kupiga picha. Bibi mmoja wa kijiji alikuwa akipita na ndoo kichwani. Mgeni, bila ubaya wowote, akampungia mkono asogee, ili mawe yaonekane vizuri. Mwongozaji akaacha maelezo yake, akamgeukia yule bibi: “Shikamoo, bibi.” “Marahaba, mjukuu wangu. Wageni hawajambo?” Wakasalimiana hadi salamu zikaisha, nasi tukasimama juani tukingoja. Kisha akatuambia kwamba huyo ndiye mwenyeji wa mahali hapa, na mawe haya ni majirani zake. Tokea hapo niliyasikiliza maelezo yake kwa sikio jingine.

Mwaka 1331 alifika Kilwa msafiri mashuhuri kutoka Moroko, Ibn Battuta. Alimkuta sultani aitwaye Hasan bin Sulaiman, ambaye watu walimwita Abu al-Mawahib, yaani baba wa vipaji, kwa ukarimu wake. Msafiri huyo anasimulia kwamba Ijumaa moja, baada ya sala, fakiri kutoka Yemen alimsimamisha sultani njiani, akamwomba nguo alizovaa, tena apewe saa ile ile. Sultani hakukasirika. Akarudi, akabadili mavazi, akampa fakiri yale aliyoyaomba. Tendo zuri hilo, nasi Wakristo tulisome kwa heshima; wangapi kati yetu wangevua koti lao kwa ajili ya mwombaji? Lakini simulizi linaendelea. Mwana wa sultani alizitaka nguo za baba yake zirudi, akazikomboa kwa kumpa fakiri watumwa kumi. Naye sultani, aliposikia jinsi watu walivyomsifu, akaongeza watumwa wengine kumi na mizigo miwili ya pembe za ndovu.

Hebu tutulie hapo kidogo. Mavazi tunayajua, pembe tunazijua, na jina la mtoaji limehifadhiwa. Wale ishirini je? Kila mmoja wao alikuwa na mama aliyemzaa. Hakuna aliyeandika hata jina moja. Walihesabiwa pamoja na pembe, nao wakapita kutoka mkono mmoja hadi mwingine ndani ya tendo lililosifiwa kuwa la huruma. Mambo hayo hayakuishia kwa sultani huyo. Mwaka 1776 mtawala mwingine wa Kilwa alifanya mkataba na Mfaransa aliyeitwa Morice, wa kumpatia watumwa 1,000 kila mwaka.

Wala asisimame Mkristo akasema kwamba hayo ni ya wengine. Mwezi Julai mwaka 1505 zilifika Kilwa merikebu za Wareno chini ya Francisco de Almeida. Mmoja wa waliokuwa katika msafara ule ameacha maandishi. Anaeleza kwamba mji ulipokwisha kutekwa, mapadre Wafransisko walishuka pwani na misalaba miwili, wakiandamana na kuimba utenzi wa kumshukuru Mungu. Walifika kwenye jumba la mfalme, msalaba ukawekwa chini, kapteni mkuu akasali. Na sala ilipokwisha, watu wote wakaanza kuupora mji. Wapendwa, nilipokuwa nimesimama mbele ya Gereza, ile ngome ambayo Waarabu wa Oman waliijenga upya juu ya misingi ya Wareno, niliwaza jambo hilo kuliko nilivyowaza juu ya mawe. Wimbo ulikuwa sahihi. Msalaba ulikuwa ule ule tunaoubusu Ijumaa Kuu. Na hakuna aliyeona ugumu wowote kutoka kwenye sala kwenda kwenye nyumba ya mtu.

Sasa turudi katika Injili. Somo la leo limeanza aya ya 5. Fungueni Biblia zenu nyumbani msome aya nne zinazotangulia, ambazo leo hazikusomwa. Humo Bwana anainua macho. Ameketi chini kuliko wanaopita, hatazami kutoka angani kama sisi tuliokuwa ndegeni. Anawaona matajiri wakitia sadaka zao, na anamwona mjane fukara akitia senti mbili, riziki yake yote. Na mara baada ya hapo, watu wanaanza kusifu mawe! Mjane angali hajatoka langoni, nao wamekwisha kupita wakitazama nguzo. Rudini nyuma tena, mwisho wa sura ya 20: Bwana anawaonya wanafunzi wajihadhari na walimu wa sheria wanaopenda viti vya mbele na kusali sala ndefu, huku wakila nyumba za wajane. Kwa hiyo Luka ameyapanga mambo matatu mfululizo: wanaokula nyumba za wajane, mjane asiyebakiwa na kitu, na jengo lililopambwa kwa sadaka.

Sisi wahubiri tumezoea kumtumia mjane huyu wakati wa kuchangisha. Tunasema: tazameni, alitoa vyote, nanyi toeni. Si uongo, Bwana aliisifu sadaka yake. Hata hivyo nadhani alimsifu huku moyo ukimuuma, kwa maana jengo lililopaswa kumlinda mjane lilikuwa limemmaliza.

Katika kigango kimoja, ambacho sitakitaja, alifariki mama mzee, mjane, aliyebatizwa tangu utoto. Miaka yake ya mwisho alikuwa mgonjwa, hakuhudhuria jumuiya, wala hakulipa mchango wa bati za kanisa jipya. Alipokufa, watoto walimwendea katekista. Katekista akaenda kwa viongozi, viongozi wakafungua daftari. Jina la marehemu lilikuwa na mstari mwekundu. Wakasema hakuwa hai katika jumuiya, kwa hiyo hakuna sala kaburini. Majirani, wengi wao Waislamu, walichimba kaburi wakamsitiri. Katekista alisimama mbali, amevaa kanzu yake chini ya koti, asijue la kufanya.

Nawauliza waamini wenzangu: mstari ule mwekundu una tofauti gani na hesabu ya Kilwa? Kule mtu alihesabiwa pamoja na pembe. Hapa amehesabiwa pamoja na bati.

Sheria ya Kanisa iko wazi katika jambo hili. Kanuni ya 1176 inaagiza waamini marehemu wapewe mazishi ya Kanisa. Kanuni ya 848 inamtaka mhudumu aangalie daima kwamba wahitaji hawakosi msaada wa sakramenti kwa sababu ya umaskini, na kanuni ya 1181 inakataza upendeleo katika mazishi na inaagiza maskini wasinyimwe mazishi yanayostahili. Wapo kweli wanaoweza kunyimwa. Wametajwa katika kanuni ya 1184, na kati yao wamo walioiasi imani waziwazi. Someni orodha yote. Mwenye deni la bati hayumo.

Najua mtaniambia kwamba kanisa halijengwi kwa maneno, na mvua ya masika inawanyeshea waamini misani. Ni kweli. Zaka ni wajibu, na mwenye uwezo anayejificha nyuma ya maskini ili asitoe, huyo ana kesi yake mbele ya Mungu. Lakini wazee wa Kilosa mnakumbuka mwishoni mwa Desemba 2009 na Januari 2010, mto Mkondoa ulipofurika ukasomba nyumba na kuikata reli. Watu walilala katika mahema. Ugali ulipogawiwa, je, nani aliuliza kadi ya zaka? Siku zile jumuiya ilikuwa hai sana, wala haikuwa na daftari kavu hata moja.

Tangu mwaka 2017, kwa agizo la Baba Mtakatifu Fransisko, Dominika hii ya 33 ni Siku ya Maskini Duniani. Parokia nyingine huiadhimisha kwa kugawa sabuni na unga, na kupiga picha. Si vibaya, ila katika picha zile yule bibi mwenye ndoo awemo katikati, kwa jina lake, asipungiwe mkono asogee.

Wenyeviti wa jumuiya, wiki hii kabla ya kuanza sala, fungueni daftari zenu na kuhesabu mistari myekundu. Kila mstari uendewe nyumbani na watu wawili, wasichukue kitabu cha stakabadhi. Wamsalimu mwenye nyumba hadi salamu ziishe, ndipo waulize habari za afya, na kama ni mgonjwa wamwarifu padre aletewe Komunyo na Mpako wa Wagonjwa.

Nanyi makatekista, ambao mara nyingi mko peke yenu kigangoni, na padre yuko mbali ng'ambo ya mto: ukitokea msiba wa maskini, vaeni kanzu zenu juu ya koti, mkamzike kwa sala zote, bila kuzifupisha. Mkiulizwa mmepata wapi ruhusa, tajeni kanuni ya 1181. Na kama muulizaji hajaridhika, mleteni kwa paroko, yeye pamoja na daftari lake.