Filamu Ikikuudhi, Utafanyaje?



Leo tuzungumze kuhusu filamu moja. Inaitwa Submission, ya dakika 10 hivi, na ilionyeshwa kwenye runinga ya Uholanzi Agosti 2004. Aliyeiandika ni Ayaan Hirsi Ali, Msomali aliyeishi hapa Nairobi utotoni. Aliyeiongoza ni Theo van Gogh. Ndani yake mwanamke anamlalamikia Mungu kuhusu kipigo, ndoa ya kulazimishwa na ubakaji, na aya za Qur'ani zimeandikwa juu ya mwili wake unaoonekana kupitia nguo nyepesi.

Umeumia kusikia hayo? Hata mimi. Kuumia si kosa.

Lakini sikiliza yaliyofuata. Tarehe 2 Novemba 2004, jijini Amsterdam, kijana wa miaka 26, Mohammed Bouyeri, alimpiga Van Gogh risasi na kumchoma kisu akiwa kwenye baiskeli yake. Akadhani ameutetea Uislamu. Haya, tuhesabu faida. Siku chache baadaye shule ya Kiislamu mjini Eindhoven ililipuliwa kwa bomu, na nyingine mjini Uden ikateketezwa. Watoto wale walikosa nini? Bouyeri mwenyewe akafungwa maisha. Na filamu ambayo wengi wetu tusingeisikia kamwe ikajulikana dunia nzima.

Jamani, Mtume (SAW) aliitwa mwendawazimu, akaitwa mshairi. Qur'ani haikuyaficha matusi hayo. Imeyataja, ikayajibu kwa maneno, na tunayasoma mpaka leo.

Basi wewe ukiletewa klipu ya kuudhi kwenye WhatsApp, kwanza usiisambaze. Unayemtukana ndiye unayemtangaza. Pili, jibu kwa hoja: andika, rekodi, tengeneza filamu yako. Simu unayo mkononi. Tatu, ikiwa ni uchochezi wa chuki, iko sheria. Kifungu cha 33 cha Katiba kinalinda uhuru wa kujieleza, na hakimlindi mchochezi wa chuki. Kifungu hichohicho ndicho kinachokulinda wewe unaposimama kudai haki zako, kwa hivyo usikichezee.

La mwisho, na hili ni zito. Dada anayepigwa nyumbani mtaani kwako, umemsikiliza? Tukimnyamazisha sisi, kilio chake kitasimuliwa na mwingine, kwa namna tusiyoipenda.

Wabillahi tawfiq.