Fizi Zitokazo Damu: Kwa Nini Mmoja Hupoteza Meno na Jirani Yake Asipoteze

(Maelezo yaliyotolewa kwa makatibu na wanachama wa vyama vya msingi)



Katika milima ya Uluguru, tangu Mgeta hadi Matombo na Kinole, si ajabu kumkuta mtu mzima mwenye nguvu za kupanda mlima na mkungu wa ndizi kichwani, lakini hawezi kutafuna muwa. Akiulizwa husema kwamba meno yamelegea kwa uzee, na huenda hajafika miaka hamsini. Uzee hushtakiwa bure. Jino zima, lisilotoboka, likianza kutikisika lenyewe, mara nyingi kosa haliko katika jino bali katika ufizi na mfupa unaolishika.

Kila siku, hasa pale jino linapokutana na ufizi, hujengeka utando laini uitwao ukoga. Ukoga si mabaki ya chakula tu. Ni makao ya vijidudu visivyohesabika. Usipoondolewa, madini yaliyomo katika mate huugandisha ukawa ugaga, mgumu kama jiwe, ambao mswaki hauuwezi tena. Vijidudu huuchokoza ufizi, nao huvimba, huwa mwekundu na hutoka damu ukiguswa. Hapo ugonjwa bado hupona kabisa. Ukiachwa, kwa baadhi ya watu ufizi huachana na jino, kikatokea kifuko ambamo vijidudu hustawi bila kufikiwa na mswaki, na mfupa wa taya ukaliwa polepole. Mfupa ulioliwa haurudi wenyewe. Tena aghalabu hakuna maumivu, na kwa hiyo mwenye meno hana habari mpaka jino lianze kucheza.

Jambo hili la ukoga lilithibitishwa mwaka 1965 katika mji wa Aarhus, Denmark. Mtaalamu Harald Löe na wenzake waliwaomba watu 12 wenye fizi nzima waache kusafisha meno. Kati ya siku 10 na 21 fizi za wote zilikuwa zimevimba. Waliporudia mswaki, katika muda wa wiki moja hivi fizi zilipona. Yafaa jambo hili likumbukwe, kwa maana watu wengi wakiona damu katika mswaki huacha kupiga mswaki mahali hapo ili ufizi "upumzike". Ukoga hubaki, damu huzidi, na mtu huyo huamini kwamba mswaki ndio uliomdhuru.

Lakini kama ukoga ndio chanzo, mbona wako wazee wasiojali mswaki na meno yao bado yamekaa imara? Swali hili ni la haki. Löe na wenzake waliwafuata wafanyakazi 480 wa mashamba ya chai huko Sri Lanka kuanzia mwaka 1970 hadi 1985, watu wasiosafisha meno wala kumwona daktari wa meno. Wote walikuwa na ukoga, ugaga na fizi zilizovimba. Hata hivyo, katika kila watu 100, kiasi cha 8 waliharibikiwa upesi hata walipofika miaka 45 meno yao yote yalikuwa yamekwisha; 81 waliharibikiwa kwa kiasi; na 11 hawakuvuka hatua ya ufizi kuvimba. Hapa Tanzania, utafiti wa Vibeke Baelum, Ole Fejerskov na Thorkild Karring, uliotolewa mwaka 1986, uliwapima watu wa miaka 30 hadi 69. Ukoga na ugaga ulikuwa karibu kwa kila mtu, bali uharibifu mkubwa ulikuwa umerundikana kwa wachache.

Basi kwa wale wachache huongezeka kitu kingine juu ya ukoga. Baadhi yake ni urithi wa damu, ambao hauna dawa. Mengine yamo katika uwezo wa mtu, na la kwanza ni tumbaku. Si rahisi kulisema hili mbele ya wanaushirika, kwa kuwa tumbaku ni zao la ushirika huko Tabora na Ruvuma, na mjini Morogoro kumekuwa na viwanda vya kuisindika. Lakini kweli haibadiliki kwa sababu ya bei ya zao. Tumbaku hudhoofisha kinga ya mwili na kuchelewesha kupona. Lililo baya zaidi, hubana mishipa midogo ya damu, hata ufizi wa mvutaji hautoki damu sana ingawa ndani mfupa unaliwa. Mvutaji hujiona mzima kuliko jirani yake asiyevuta. Ugoro nao, uwekwapo daima pahali pamoja mdomoni, huufanya ufizi wa pale kushuka na kuacha mzizi wa jino wazi.

La pili ni kisukari. Sukari ya damu isipodhibitiwa, fizi huharibika upesi. Na fizi zilizooza nazo huifanya sukari iwe ngumu kudhibitiwa. Mtu ambaye fizi zake zimeharibika ghafla, naye ana kiu nyingi na kukojoa mara kwa mara, yafaa apimwe damu kabla ya jino kung'olewa.

Wako wasemao kwamba mimba hula meno ya mama. Sivyo. Mabadiliko ya mwili wa mjamzito huufanya ufizi uchokozeke kwa ukoga kidogo tu. Akisafisha vema, hali hutulia baada ya kujifungua. Virusi vya UKIMWI, utapiamlo na baadhi ya dawa, kama fenitoini ya kifafa, pia huziathiri fizi; dawa hizo zisiachwe bila ushauri wa daktari. Ama ukosefu wa matunda, ni kweli hutoa damu katika fizi, lakini si sababu ya kutafutwa kwanza katika milima yenye machungwa na mboga kama hii. Sukari ya Mtibwa na Kilombero nayo kosa lake kubwa ni kutoboa meno, ambayo ni kesi nyingine.

Mswaki wa mti, ukitafunwa vizuri na kupitishwa taratibu penye mpaka wa ufizi na jino, nje na ndani, hufanya kazi sawa na wa dukani. Mwenye fizi zitokazo damu na afanye hivyo asubuhi na usiku bila kuogopa. Baada ya wiki mbili damu ikiwa haijakoma, ugaga umekwisha kujengeka, na hauondoki ila kwa kukwanguliwa na mtaalamu. Kushuka hadi hospitali ya mkoa mjini Morogoro ni kupoteza siku ya shamba na nauli, ndiyo maana wengi hungoja hadi jino liume. Kwa ugonjwa huu jino huweza kwisha bila kuuma.