Uji na Sataranji

Mwaka 2005, katika mtaa wa mabanda wa Katwe, Kampala, binti Phiona Mutesi alimfuata kaka yake hadi mahali ambapo mwalimu Mkristo, Robert Katende, aliwapa watoto uji na kuwafundisha sataranji. Njaa ndiyo iliyomleta. Mwaka 2012, baada ya kuichezea Uganda huko Istanbul, alipata cheo cha kimataifa cha mchezo huo.

Katika sataranji, askari mdogo akivuka ubao mpaka mwisho huweza kufanywa malkia.

Nasi hapa Bura, mtoto akija kanisani kwa ajili ya chakula, tusimfukuze ati hakufuata Neno. Daudi naye aliitwa kutoka machungani. Tumpe uji, kisha tumfundishe. Amina.