Hospitali ya Watoto Wasiotumainiwa Kupona

Wasikilizaji, mzazi akiona mtoto wake amepauka, amelegea, hataki kucheza, tena ana homa isiyosikia dawa, hudhani mara moja kuwa ni malaria, na mara nyingi dhana yake ni ya kweli. Lakini ikiwa ufizi watoka damu bila sababu, na mwili waonyesha alama za damu kama kwamba mtoto amepigwa, huenda ikawa ni ugonjwa mwingine, yaani saratani ya damu, ambayo madaktari huiita lukemia. Mazungumzo ya leo ni juu ya hospitali moja ya watoto katika mji wa Memphis, Jimbo la Tennessee, Marekani, iliyopigana na ugonjwa huo wakati ambapo madaktari karibu wote walikuwa wamekwisha kukata tamaa.

Kwanza yafaa kuujua ugonjwa wenyewe. Damu hutengenezwa ndani ya mifupa, katika uboho. Humo hutoka chembe nyekundu zinazoipeleka hewa mwilini, na chembe nyeupe ambazo ni askari wa mwili, na vijichembe vidogo vinavyoifanya damu igande mtu akijikata. Katika lukemia, chembe nyeupe changa huzaana bila kukoma, nazo hazijui kazi ya uaskari. Huujaza uboho kama magugu yanavyolijaza shamba la mahindi, hata chembe nzuri zikakosa nafasi. Ndiyo sababu mtoto hupauka, hutoka damu, na kushikwa na homa.

Mwaka 1948 Daktari Sidney Farber wa Boston alitangaza kwamba watoto kadhaa walipata nafuu kwa dawa iitwayo aminopterini. Ilikuwa habari kubwa mno, lakini nafuu ile ilidumu majuma au miezi tu. Hata kufika mwaka 1962, katika watoto 100 wenye aina ya lukemia iliyo ya kawaida zaidi kwa watoto, waliopona walikuwa 4 tu hivi. Madaktari wengi walisema ni heri mtoto afarijiwe na kuachwa afe kwa amani kuliko kuteswa kwa sindano. Hawakuwa watu wakatili, waliyasema waliyoyaona.

Hospitali ya Memphis ilifunguliwa mwaka huo huo, tarehe 4 Februari 1962. Mwanzilishi wake alikuwa Danny Thomas, mchekeshaji mashuhuri wa redio na televisheni, ambaye wazazi wake walitoka Lebanoni, nchi ile ya mierezi. Alipokuwa bado maskini aliweka nadhiri kwa Mtakatifu Yuda Tadei (si yule Yuda Iskariote aliyemsaliti Bwana wake), na alipofanikiwa akaitimiza. Mwaka 1957 Wamarekani wenye asili ya Lebanoni na Shamu waliunda chama cha kukusanya fedha za kazi hiyo, na mpaka leo familia hazitozwi hata senti moja kwa matibabu, nauli, malazi wala chakula.

Ramani za jengo la kwanza, lililokuwa na umbo la nyota, zilichorwa bure na Paul Williams, Mmarekani mweusi. Jambo hilo si dogo. Siku zile mjini Memphis Weusi na Weupe walitengwa shuleni, hotelini na hospitalini. Hapa watoto wote walipita mlango mmoja na kulala wodi moja, na wafanyakazi walikula chumba kimoja. Hoteli moja iliyokuwa ikizipokea familia za wagonjwa ilipotaka kuwakataa Weusi, iliambiwa kwamba ama iwapokee wote au iwakose wote. Ikawapokea.

Mganga mkuu wa kwanza alikuwa Daktari Donald Pinkel, kijana wa miaka thelathini na kitu, ambaye mwenyewe alikuwa ameugua polio. Yeye alisema shabaha iwe kuponya, si kuahirisha kifo. Wengine walitoa dawa moja, ikishindwa wakatoa nyingine. Yeye alizitoa nyingi pamoja, tangu mwanzo, kwa muda mrefu. Tena aling'amua maficho ya ugonjwa. Dawa zilizopita katika damu hazikufika vema penye ubongo na uti wa mgongo, na chembe mbaya zilijificha huko kama mwizi darini, zikashuka baadaye nyumba ikiwa imelala. Basi ubongo ukapigwa mionzi, na dawa ikatiwa kwa sindano katika maji ya uti wa mgongo.

Majaribio ya kwanza hayakufaulu kama ilivyotarajiwa, lakini habari za kila mtoto ziliandikwa, na kosa la jana likawa mwalimu wa leo. Jaribio la tano, lililoanza mwishoni mwa 1967, lilikuwa la watoto 35. Wakati lilipokuwa likiendelea, tarehe 4 Aprili 1968, Dk. Martin Luther King aliuawa katika mji huo huo. Wodini, watoto Weusi na Weupe waliendelea kutibiwa kitanda kwa kitanda. Nusu hivi ya watoto wa jaribio lile walipona kabisa.

Mojawapo ya dawa zile, vinkristini, hutokana na mmea wa Madagaska wenye maua ya waridi au meupe, petali tano, ambao watu wengi wa pwani yetu huupanda uani kuwa pambo. Lakini mtu asiuchemshe wala kuutafuna! Una sumu kali, na dawa hupimwa kwa kipimo kidogo sana.

Ushindi ule ulikuwa na gharama. Mionzi iliwaponya watoto, lakini baadhi yao walidumaa au wakawa wazito wa kujifunza. Hospitali haikuficha jambo hilo. Iliwafuatia hata walipokuwa watu wazima, ikaendelea kutafiti, na katika jaribio lililoanza mwaka 2000 mionzi ya ubongo iliachwa kabisa, dawa peke yake zikatumika. Zaidi ya watoto 90 katika 100 walipona. Tena mwaka 1984 hospitali ilitangaza habari za mtoto aliyekuwa na saratani ya damu pamoja na selimundu, ugonjwa unaojulikana sana kandokando ya Ziwa Victoria, ambaye alitiwa uboho wa ndugu yake, akapona yote mawili.

Katika nchi maskini watoto wengi wenye saratani bado hufa. Mwaka 2018 Shirika la Afya Duniani, likisaidiana na hospitali hiyo, liliazimu kwamba kufika 2030 angalau watoto 60 katika 100 wapone duniani kote. Kizuizi si dawa tu. Mtoto wa lukemia aanzapo matibabu, mara nyingi baada ya majuma manne hadi sita uso hunawiri, homa huisha, hucheza na wenzake. Mzazi aliyekwisha kuuza mbuzi kwa ajili ya nauli humshukuru Mungu na kumrudisha nyumbani. Lakini matibabu ni ya miaka miwili au mitatu, na mwizi angali darini.