Bega Likiteguka

Somo la redio kwa madarasa ya watu wazima, Kinondoni na Temeke

Maneno ya kusoma kwanza
Kiungo: mahali mifupa inapokutana.
Kuteguka: mfupa kutoka mahali pake katika kiungo.
Ganzi: ngozi kukosa kuhisi.
Eksirei: picha inayoonyesha mifupa ndani ya mwili.

Ninyi mnaosikiliza, fungueni masikio. Ninyi mnaosoma karatasi hii, fuateni mstari kwa kidole, polepole, hakuna anayewafukuza.

Mwaka 1973 wazee wetu walikaa vikundi vikundi kuzunguka redio, wakisikiliza masomo ya Mtu ni Afya. Walisikiliza, wakajadiliana, kisha wakainuka wakachimba vyoo. Nasi tufuate njia hiyo: tusikie, tusome, halafu tutende.

Leo tutazungumza habari za bega. Kwa nini bega? Kwa sababu wengi wenu mnakula kwa nguvu za mikono yenu. Yupo anayesukuma mkokoteni Tandika. Yupo anayeshusha magunia Tandale. Yupo konda wa daladala ya Mbagala, yupo fundi ujenzi, yupo dereva wa bodaboda, yupo mama anayefua nguo za watu. Bega likiharibika, si bega peke yake linaloumia. Sufuria ya nyumbani nayo inaumia.

Bega limejengwaje?

Weka mkono wako wa kushoto juu ya bega lako la kulia. Utahisi mviringo. Ndani ya mviringo huo kuna kichwa cha mfupa wa mkono, nacho ni cha duara kama chungwa. Kichwa hicho kimeegemea kwenye mfupa bapa wa mgongoni, yaani kombe la bega. Lakini mahali kinapoegemea ni padogo, tena si pa kina. Ni kama chungwa lililowekwa juu ya kisahani cha chai. Kinacholizuia chungwa lisianguke ni kano na misuli iliyolizunguka pande zote.

Mungu ametupa bega la namna hii ili mkono uzunguke kila upande: kuchota maji, kutundika nguo, kurusha wavu. Lakini kila faida ina gharama yake. Kwa kuwa bega linazunguka sana, basi huteguka kwa urahisi kuliko viungo vingine vikubwa vya mwili.

Bega huteguka kwa sababu gani?

Tuchukue mfano wa konda. Amesimama mlangoni, mkono mmoja umeshika chuma juu ya kichwa. Dereva anafunga breki ghafla. Mwili wa konda unakwenda mbele, mkono unabaki nyuma. Kichwa cha mfupa kinasukumwa, kinaruka ukingo wa kisahani, kinatokea mbele. Hivyo ndivyo mabega mengi yanavyoteguka: zaidi ya tisa katika kila kumi hutokea mbele.

Dereva wa bodaboda akianguka na kuukinga mwili kwa mkono ulionyooka, yaweza kutokea hivyo hivyo. Hata golikipa anayeruka kudaka mpira, hata fundi anayeanguka kutoka jukwaani.

Mara chache bega hutokea nyuma. Hayo huwapata hasa watu walioanguka kifafa au waliopigwa na umeme, kwa maana misuli yote hukaza kwa nguvu mara moja. Bega la namna hii ni gumu kutambulika. Kwa hiyo mtu wa kifafa akiamka na hawezi kuugeuza mkono wake nje, msiseme ni uchovu tu. Mpelekeni hospitali, na mwambieni daktari kwamba alianguka kifafa.

Utajuaje kwamba bega limeteguka?

Tazama dalili hizi. Kwanza, maumivu makali, na mgonjwa hataki mkono uguswe. Pili, anaushikilia mkono ulioumia kwa mkono mzima. Tatu, mviringo wa bega umepotea. Bega limekuwa na pembe kama kona ya meza. Nne, mara nyingi kuna uvimbe mgumu mbele, chini ya mtulinga. Linganisha mabega yote mawili, nawe utaona tofauti.

Kisha tazama mambo mawili ya hatari. Gusa ngozi ya nje ya bega, chini kidogo ya kona yake, na umwulize mgonjwa kama anahisi. Kama kuna ganzi, mshipa wa fahamu umevutwa. Halafu tazama vidole. Kama ni baridi, vimepauka, au havichezi, damu au fahamu haziendi vizuri. Hapo usingoje hata kidogo.

Lakini jicho halitoshi. Mfupa uliovunjika na bega lililoteguka hufanana kwa nje. Ndiyo maana daktari hupiga picha ya eksirei kabla ya kulirudisha bega, na picha nyingine baada ya kulirudisha.

Habari ya jirani mmoja

Huku Temeke nilimjua mtu mmoja mshusha magunia. Aliteleza akiwa na mzigo, bega likateguka. Wenzake walimpenda, nao kwa upendo huo wakamlaza chini, mmoja akakanyaga ubavu, mwingine akavuta mkono. Alipiga kelele mpaka akanyamaza. Jioni akakandwa kwa maji moto na mafuta. Siku zikapita, maumivu yakapungua. Akasema, "Sasa napona."

Baada ya wiki saba alikuwa hawezi kuchana nywele zake. Alipokwenda hospitali, picha ikaonyesha kwamba bega halikurudi hata siku moja. Nyama ngumu ya kovu ilikuwa imekwisha kujaza mahali pake. Jambo ambalo siku ya kwanza lingetengenezwa bila kisu, sasa lilihitaji upasuaji mkubwa. Alipasuliwa, akapata nafuu, lakini magunia hakuyabeba tena. Leo anauza mkaa, na watoto wake wanajua tofauti ya mapato.

Shikeni neno hili: kupungua kwa maumivu si kupona. Wahenga walisema, usipoziba ufa utajenga ukuta.

Ufanye nini kabla ya kufika hospitali?

Mketishe mgonjwa. Mvue pete na bangili kabla mkono haujavimba. Uache mkono ulivyo, katika hali inayompunguzia maumivu. Chukua kanga, ikunje pembe tatu, uufunge mkono kifuani usicheze. Kama kuna barafu, ifunge ndani ya kitambaa, uiweke begani.

Usivute. Usikande. Usimpe chakula wala kinywaji, kwa maana huenda daktari akahitaji kumpa dawa ya usingizi. Mpeleke kwa bajaji au gari, si nyuma ya pikipiki. Mwende siku hiyo hiyo, kwa kuwa bega lililokaa saa chache hurudi kwa urahisi kuliko lililokaa siku nyingi.

Watu wa Kinondoni wanayo Hospitali ya Mwananyamala. Watu wa Temeke wanayo Hospitali ya Temeke. Mambo yakiwa magumu, mgonjwa hupelekwa Taasisi ya Mifupa Muhimbili, iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1996. Kama jeraha limetokana na ajali ya barabarani au kupigwa, huenda mkaulizwa fomu ya polisi, PF3. Ndugu mmoja aende kituoni kuichukua, lakini mgonjwa asikae nyumbani akiingojea.

Daktari hufanya nini?

Kazi hii ni ya zamani sana. Hippocrates, mganga wa Ugiriki ya kale, aliandika namna za kulirudisha bega zaidi ya miaka 2,300 iliyopita. Mwaka 1870 Theodor Kocher, daktari wa Uswisi, alieleza njia yake ya kuugeuza mkono bila kuuvuta kwa nguvu.

Mtu aweza kuuliza: kama ni kuvuta tu, kwa nini jirani asivute? Jibu ni hili. Adui wa kwanza si mfupa, ni misuli. Mtu akiumia, misuli ya bega hukaza kama kamba ya tanga penye upepo. Ukishindana nayo kwa nguvu, waweza kuvunja mfupa au kuchana mshipa. Daktari humpa mgonjwa dawa ya maumivu, na mara nyingine dawa ya kumlegeza. Misuli ikilegea, mkono huvutwa au hugeuzwa polepole, na kichwa cha mfupa huingia mahali pake. Mara nyingi mgonjwa mwenyewe huhisi kimeingia, na uso wake hubadilika papo hapo.

Baadaye mkono hufungwa kifuani kwa muda, kwa kawaida wiki moja hadi tatu, kama daktari atakavyosema. Katika siku hizo chezesha vidole, kifundo cha mkono na kiwiko. Kisha huja mazoezi ya bega, kidogo kidogo. Usiyaache, kwa maana misuli yenye nguvu ndiyo ukuta wa bega.

Vijana, sikilizeni. Bega lililoteguka mara moja katika ujana huteguka tena kwa wengi. Usirudi uwanjani wala mlangoni mwa daladala kabla ya kuruhusiwa. Likiwa na tabia ya kutoka mara kwa mara, kuna upasuaji wa kulikaza. Nanyi mliopita miaka arobaini, kama bega limerudi lakini baada ya wiki chache bado mkono hauinuki, rudini hospitali. Huenda kano imechanika.

Ndugu zangu, muda wetu umekwisha. Yule jirani hakuumizwa na adui. Aliumizwa na watu waliompenda, ila hawakujua. Ninyi sasa mmejua. Mfundisheni na mwingine.

Maswali ya darasa

1. Kwa nini bega huteguka kwa urahisi?
2. Taja dalili tatu za bega lililoteguka.
3. Kwa nini mgonjwa asipewe chakula?
4. Jirani wa Temeke alikosea wapi alipodhani amepona?
5. Leteni kanga darasani. Fungianeni mkono wawili wawili, kisha kila mmoja aandike sentensi tatu juu ya alichofanya.

Kwaherini, tuonane katika somo lijalo.